Gavana wa jimbo Marekani anakaaje madarakani miaka 22?

Fundi_Tandika: Wakuu, kijiweni tumebishana mpaka kahawa imepoa. Rais wa Marekani mwisho wake vipindi viwili, lakini jamaa anakomaa kwamba kuna gavana kule alitawala miaka 22. Kweli hiyo au kamba?

Mzee_wa_Gunia: Kweli, mkuu. Anaitwa Terry Branstad, Republican, mhafidhina hasa, aliyekuwa gavana wa Iowa. Mimi nauza nafaka Tandale, na Iowa ndiyo jimbo linaloongoza kwa mahindi Marekani, kwa hiyo habari zake sizipiti.

Ukomo unaousema ni wa rais, uliingia kwenye katiba yao mwaka 1951. Majimbo yana katiba zao, na ya Iowa haimwekei gavana ukomo. Wala msimfananishe na mkuu wa mkoa wetu, ambaye taarifa moja ya Ikulu usiku inatosha kumwondoa. Gavana anapigiwa kura.

Hakukaa mfululizo. Aliapishwa 1983 akiwa na miaka 36, akashinda mara nne, akatoka 1999. Akaenda kuongoza chuo kikuu cha udaktari pale Des Moines. Mwaka 2010 akarudi ulingoni akamwangusha gavana aliyekuwa kwenye kiti, Chet Culver. Desemba 2015 akaipita rekodi ya George Clinton wa New York, mtu wa enzi za George Washington!

Mimi mwaka wake naoupenda ni 1985. Wakulima walikuwa wamezama kwenye madeni, mashamba yanapigwa mnada. Mhafidhina huyuhuyu akatangaza dharura ya kiuchumi ili wakulima wapate nafuu ya muda wasinyang'anywe ardhi. Mwaka huohuo akapokea ugeni kutoka Hebei, China, uliokuja kuangalia kilimo. Kiongozi wa msafara alikuwa ofisa wa wilaya, kijana tu, jina lake Xi Jinping, huyuhuyu aliyekuja kuwa rais wa China. Ndiyo maana Trump alipotafuta balozi wa kwenda Beijing hakuhangaika sana, akamteua Branstad.

Ticha_Mbagala: Mzee wangu, shikamoo, lakini mbona unachagua mazuri tu? Februari 2017, miezi michache kabla ya kuondoka, alisaini sheria iliyowabana watumishi wa umma. Walimu wakabaki na haki ya kujadiliana mshahara wa msingi, basi. Bima ya afya ikatolewa mezani. Mngekuwa walimu msingemsifia.

Mzee_wa_Gunia: Marahaba ticha. Hiyo simtetei. Na hata chamani mwake hawakuwa wanampenda wote: kura za maoni za 1994 aliponea chupuchupu mbele ya mbunge Fred Grandy, aliyewahi kuwa mwigizaji wa televisheni.

Fundi_Tandika: Duh, nimeliwa soda. Alipoenda China kiti alimwachia nani?

Mzee_wa_Gunia: Naibu wake, Kim Reynolds, Mei 2017. Naye akashinda uchaguzi wa 2018 na wa 2022.