Tange inawarudisha nyuma waliojiendeleza kazini: mwajiri akichelewa, kwa nini mtumishi ndiye alipie?

Ndugu watumishi wenzangu,

Ninaandika nikiwa na hasira na sitaificha. Tange ya idara yetu, yaani orodha ya watumishi kwa ukubwa kazini, imetolewa ili tuihakiki kabla ya maandalizi ya ikama (mpango wa idadi ya watumishi na mishahara yao), na jina langu limewekwa chini ya majina ya maafisa ambao mimi ndiye niliyewapokea walipoajiriwa, nikawatembeza kata kwa kata na kuwaonyesha namna ya kusajili vikundi na kufuatilia marejesho ya mikopo ya halmashauri. Sina ugomvi nao hata kidogo. Ugomvi wangu ni juu ya tarehe iliyoandikwa mbele ya jina langu.

Niliajiriwa mwaka 2010 nikiwa na stashahada, kama Afisa Maendeleo ya Jamii Msaidizi, katika ngazi ya mshahara ya TGS C. Kwa ruhusa ya maandishi ya mwajiri, na kwa fedha zangu mwenyewe, nilisoma shahada na kuimaliza mwaka 2015. Nilirudi na vyeti, nikaandika barua ya kuomba kubadilishiwa kada ili niwe Afisa Maendeleo ya Jamii Daraja la II, yaani TGS D, ngazi ileile anayoanzia mhitimu wa shahada anayeajiriwa moja kwa moja. Barua ilipokelewa na kugongwa muhuri. Nikaambiwa nisubiri nafasi yangu iingizwe kwenye bajeti ya mwaka uliofuata. Mwaka huohuo wa 2015 halmashauri ilipokea maafisa wapya wa shahada, ambao waliingia TGS D siku waliyoripoti, wakati mimi, mwenye shahada kama yao na uzoefu ambao wao hawakuwa nao, nikiendelea kuitwa Msaidizi.

Mnamo Juni 2016 Serikali ya Tanzania ilisitisha ajira mpya na upandishaji wa vyeo ili kuhakiki watumishi hewa, na uhakiki wa vyeti ukafuata. Sipingi uhakiki ule. Taarifa ya Aprili 2017 iliyotaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi ilionyesha wazi kwamba kulikuwa na uozo. Ninachopinga ni kwamba sisi tuliokuwa na vyeti halali tuliwekwa kwenye foleni moja na wasio navyo, na foleni ilipofunguliwa hakuna aliyekumbuka tulisimama hapo tangu lini. Barua yangu ya kubadilishiwa kada ilitoka mwaka 2019, na tarehe ya barua hiyo ndiyo inayosomwa leo kwenye tange kama mwanzo wangu. Miaka yote niliyotumikia kabla ya hapo, pamoja na ile niliyofanya kazi ya Afisa kwa jina la Msaidizi, imefutika.

Madhara yake hayaishii kwenye heshima, ingawa heshima nayo ni haki ya mtu mzima kazini. Rais alipotangaza kwenye Mei Mosi ya 2021 jijini Mwanza kwamba watumishi watapandishwa vyeo, wenzangu walioajiriwa moja kwa moja walikuwa wamekwisha kutimiza muda na wakapanda kuwa Daraja la I. Mimi niliambiwa sijatimiza muda katika cheo changu. Ulipokuja mserereko, yaani upandishaji wa kufidia muda uliopotea, kwa ajili ya wale ambao vyeo vyao vilicheleweshwa na usitishaji ule, nilipeleka vielelezo vyangu nikiamini kwamba hatimaye nimekumbukwa. Jibu nililopewa kwa mdomo katika ofisi ya utumishi ni kwamba mserereko unamhusu aliyecheleweshewa cheo, na mimi nilicheleweshewa kada. Nimeomba jibu hilo kwa maandishi na mpaka leo sijalipata. Amri iliyotuchelewesha ilikuwa moja, uhakiki ulikuwa mmoja, tena mwajiri wetu ni mmoja: kwa msingi gani mmoja wetu afidiwe na mwingine aanze upya?

Mwenzangu mmoja, tena kwa nia njema, amenijibu kwamba mtu hawezi kuhesabiwa ukubwa katika kada kabla ya siku aliyoingia katika kada hiyo, na akanitajia mfano wa India, nchi ambako migogoro ya maafisa waliopanda na maafisa walioajiriwa moja kwa moja imefikishwa mahakamani kwa miongo mingi. Ni kweli kwamba mwaka 2019 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, katika shauri la maafisa wa polisi wa jimbo la Manipur, ilikataa hoja kwamba walioajiriwa moja kwa moja wahesabiwe tangu mwaka ambao nafasi zao zilikuwa wazi, na ikaachana na msimamo wake wa mwaka 2012. Lakini tuangalie ni nani aliyekuwa akidai nini. Waliokataliwa pale walitaka wahesabiwe kwa kipindi ambacho hawakuwa kazini kabisa. Mimi nilikuwa kazini, nikiwa na sifa zote, nikitumwa kazi za Afisa kwa barua na kwa simu, na kilichokosekana kilikuwa saini ya mwajiri. Kuutumia mfano huo dhidi yangu ni kuugeuza juu chini.

Wapo pia walioajiriwa moja kwa moja wanaohofia kwamba madai yetu yatawashusha. Hofu hiyo naielewa, kwa sababu wao nao waliumizwa na usitishaji wa 2016 na hawakupendelewa na mtu. Hatuombi mtu ashushwe cheo wala akatwe mshahara. Tunaomba tarehe ya mtumishi aliyejiendeleza kwa ruhusa ihesabiwe tangu siku mwajiri alipopokea barua na vyeti vyake, pale ambapo ucheleweshaji uliofuata haukutokana naye. Muhuri wa mapokezi upo na nakala zipo kwenye majalada. Hakuna kinachohitaji kubuniwa.

Kwa sasa wanasema mshahara wangu haukupungua, na hilo ni kweli, kwa kuwa niliachiwa mshahara binafsi, yaani ule niliokuwa nao kabla ya kubadilishiwa kada. Lakini mshahara binafsi haukusogezi kwenye tange, na mwezi uliopita nafasi ya kukaimu ukuu wa kitengo ilipojitokeza, ilitazamwa tange hiyohiyo.

Nimekwisha kuandika kupinga tarehe yangu, na dirisha la uhakiki bado liko wazi. Yeyote aliyebadilishiwa kada baada ya 2016 na akafanikiwa kurekebishiwa tarehe yake, naomba aeleze alipitia ngazi gani na aliambatanisha nini. Na Afisa Utumishi yeyote anayeujua waraka unaosema kwamba mserereko hauwahusu waliobadilishiwa kada, autaje kwa namba na tarehe, kwa sababu mimi nimeuomba na sijaonyeshwa.