Supu ya adesi ya kushiba: nichukue zipi, nianze na nini?

Kutoka: mwanafunzi, Leipzig
Jumapili, saa 3 usiku

Wakubwa shikamooni, wenzangu mambo vipi.

Baridi imeingia na mkate wa jibini umenishinda. Nataka kupika supu ya adesi na mboga, ile nzito ya kushibisha, niipike Jumapili na kuila siku zinazofuata nikitoka maktaba. Nina sufuria moja ya lita nne, na jiko tunatumia watu sita, kwa hiyo siwezi kulihodhi usiku kucha. Blenda sina.

Matatizo ni mawili. Kwanza, duka la Mturuki hapa jirani lina adesi za rangi nne na kila mfuko unaonekana ndio wenyewe. Pili, za kahawia zinanigomea: saa nzima motoni na bado ukizitafuna ni kokoto. Nyanya ya kopo huwa naitia tangu mwanzo ili ladha iingie. Je, ndiyo inayoleta shida?

Kwetu Tanga tulikuwa watu wa maharage na kunde. Adesi alipika jirani, tena Ramadhani tu, nasi tukiletewa bakuli. Kwa hiyo sina wa kumpigia simu.

———

Kutoka: mama watatu, Rotterdam
Jumapili, saa 4 na nusu usiku

Marahaba mwanangu.

Ndiyo, nyanya imo kwenye shida hiyo. Kitu chochote chenye uchachu, iwe nyanya, limau au siki, kinakaza ganda la adesi lisilainike. Vyote hivyo vinaingia adesi zikishaiva.

Sasa dukani. Mfuko ulioandikwa kırmızı mercimek, au Rote Linsen ukienda supamaketi, ni adesi nyekundu zilizokobolewa na kupasuliwa. Hazina ganda, hazina haja ya kulowekwa, na dakika 15 hadi 20 zinakuwa zimeshavurugika zenyewe na kugeuka njano. Hizo ndizo zitakazokupa uzito wa supu bila blenda. Yeşil mercimek ni zile za kijani, pana pana, Wajerumani huziita Tellerlinsen. Hizo ni za kupata kitu cha kutafuna na zinataka dakika 30 hadi 40. Zile ndogo zenye madoa kutoka Le Puy, Ufaransa, waachie wenye pesa. Hazivurugiki hata uzibembeleze, kwa saladi ni nzuri sana, kwa supu nzito ni hasara. Mimi nachanganya gramu 200 za nyekundu na 100 za kijani.

Kwenye mboga nyie wa Ujerumani mna bahati. Supamaketi zenu zinauza fungu liitwalo Suppengrün: karoti, liki, kipande cha mzizi wa seleri, na mara nyingi kishada cha parsley. Chukua fungu moja, ongeza vitunguu maji 2, viazi 2, vitunguu saumu punje 4 na kipande cha tangawizi. Majani tumia Grünkohl, ni jamaa wa karibu wa sukuma wiki na msimu huu imejaa kila mahali. Sisi huku inaitwa boerenkool, inauzwa mifukoni imeshakatwakatwa, ila wanaikata pamoja na vijiti vyake. Kaa nayo mezani uchambue vile vigumu, la sivyo utakula kuni.

Kupika sasa. Kabla hujawasha, mwaga adesi za kijani kwenye sahani nyeupe uzipitie kwa kidole. Mfuko uwe wa Uturuki au wa Kanada, kijiwe kimoja hakikosi kujificha, na kwenda kwa daktari wa meno Ulaya si kazi ya mwanafunzi. Kisha zioshe.

Vijiko 3 vya mafuta, vitunguu maji, moto wa wastani. Hapa ndipo watu wanapoharakisha. Vinataka dakika 10 hivi mpaka viwe rangi ya dhahabu, maana supu hii haina mfupa wa kuitegemea na ladha yote inaanzia hapo. Fungua dirisha hata kama kuna theluji. King'ora cha moshi cha nyumba za wanafunzi hakijui tofauti ya kitunguu na moto. Halafu saumu na tangawizi vilivyotwangwa, kijiko kimoja cha chai cha bizari nyembamba, nusu ya manjano. Geuza mpaka harufu ipande, tia karoti, liki na seleri vilivyokatwa vidogo, funika dakika 5 vitoe maji yake.

Wakati huo birika limeshachemka. Tia adesi za kijani na maji ya moto lita 1 na robo tatu. Povu likija juu liondoe kwa kijiko. Zikichemka dakika 15, ongeza nyekundu na viazi, punguza moto, na uwe unakoroga mpaka chini kabisa, kwa sababu nyekundu zikianza kuvurugika zinapenda kushika sufuria. Dakika 15 nyingine, tia Grünkohl na chumvi. Baada ya hapo chota adesi moja ya kijani, ibonyeze kwenye ukingo wa sufuria kwa mgongo wa kijiko. Ikibonyea mpaka ndani bila kiini kigumu, sasa ndiyo tia vijiko 2 vya nyanya ya tyubu, iache ichemke kidogo, zima, kamua nusu limau.

Ukiiona bado nyepesi, chota pawa mbili kwenye bakuli, ponda kwa sehemu ya chini ya kikombe, rudisha. Umemaliza, na jiko umelishika saa moja na kidogo.

———

Kutoka: kaka, London
Jumatatu, saa 1 asubuhi

Dada wa Rotterdam kamaliza, mimi naongeza la maji tu, nikiwa kwenye treni.

Kijana, chungulia ndani ya birika lako. Likiwa na ukoko mweupe, maji yenu ni magumu, yana chokaa nyingi, na chokaa nayo inazuia ganda la adesi na maharage kulainika. Sisi London tunaijua vizuri. Dawa ni ileile ya bibi zetu: magadi kidogo. Huku natumia soda ya kuokea, nayo Ujerumani inaitwa Natron. Kidokezo tu, robo ya kijiko cha chai kwa sufuria nzima, utie pamoja na adesi za kijani. Ukizidisha, supu itanuka sabuni na vitamini B1 utakuwa umeiua.

Na angalia umri wa adesi. Zilizokaa rafuni muda mrefu haziivi vizuri hata kwa dua. Nunua duka ambalo mifuko inatoka haraka, kwa Waturuki au Wahindi. Sisi wa Mombasa tuliokulia Nairobi tumezila sana kwa jina la kamande, na chapati, na mchuzi wa nazi. Kwa hiyo nauliza kwa heshima: tui liko wapi kwenye supu hii?

———

Kutoka: bibi yenu, Muscat
Jumatatu, saa 5 asubuhi

Asalaam alaykum wanangu.

Tui! Kwenye shurba? Mtoto wa London, hiyo unayoitaka ni mchuzi wa adesi, ule na wali wako, hapana ugomvi. Shurba ya adesi haitiwi tui.

Hapa Muscat Ramadhani haipiti siku bila hiyo mezani, baada ya tende. Sisi tunapika na adesi nyekundu tupu, karoti moja, kitunguu, mbatata ndogo, thomu na bizari nyembamba. Hayo majani yenu na mizizi ni ya nchi za baridi, sikukatazeni. Lakini mambo mawili myachukue kwangu. La kwanza ni ndimu kavu, zile nyeusi, waitazo lumi. Maduka ya Waarabu na Wairani huko Ulaya wanaziuza. Toboa moja matundu mawili kwa uma, itumbukize adesi zikishalainika, iache dakika 10, kisha itoe nzima. Usiiache ikapasuka, mbegu zake chungu. Ukiwa nayo, limau punguza.

La pili: bizari msiitie yote mwanzoni. Weka nusu kijiko kando. Supu ikishaiva, pasha samli kijiko kimoja kwenye kikaango kidogo, tia thomu iliyokatwa nyembamba na ile bizari, ikianza kulia na thomu kugeuka hudhurungi mimina juu ya supu papo hapo, ufunike. Anayekaa chumba cha pili atakuja mwenyewe kuuliza kuna nini.

Mwanafunzi, kikaango huna, najua. Tumia kijiko kikubwa cha chuma chenye mpini wa mbao juu ya moto mdogo.

———

Kutoka: mama watatu, Rotterdam
Jumatatu, saa 8 mchana

Shikamoo bi mkubwa. Ya samli nimeichukua, leo leo.

Ila kwa tui namtetea kidogo ndugu wa London. Wanangu waliozaliwa huku hawali adesi mpaka nitie nusu kopo la tui mwishoni, na mimi nataka wale. Kwao siikamulii limau, naitia pilipili mbuzi nzima bila kuipasua.

———

Kutoka: ndugu wa Bukavu, Bruxelles
Jumatatu, saa 2 usiku

Jambo kwenu wote.

Mimi niko na sufuria ya umeme ya kupika polepole, ile unatia asubuhi unaenda kazi, jioni unakuta chakula. Natoka saa 11 alfajiri na kurudi usiku. Hiyo supu naweza kuitia humo? Na kama adesi zimeisha, naweza kutia maharage mekundu makavu pahali pake?

Kwa wale walio karibu na mimi: pilipili nzuri na samaki wa kukauka mtapata Matonge, pale Ixelles. Kipande kidogo cha samaki huyo ndani ya adesi, na mutanikumbuka.

———

Kutoka: dada muuguzi, Birmingham
Jumanne, saa 4 asubuhi

Ndugu wa Bruxelles, nimesoma swali lako nikatoa simu mfukoni hapohapo kwenye mapumziko.

Adesi, ndiyo, tia humo bila wasiwasi. Kaanga vitunguu usiku kwanza, asubuhi mimina kila kitu na maji ya moto, nyanya uitie ukirudi. Maharage mekundu makavu, USITIE. Yana sumu ya asili inayouawa na mchemko wa nguvu, na sufuria hizo kwenye moto mdogo hazifikii joto hilo. Maharage machache tu ambayo hayakuiva sawasawa yanatosha kukulaza chini kwa kutapika na kuharisha. Yaloweke usiku, mwaga maji, yachemshe kwenye jiko la kawaida kwa mchemko mkali dakika zisizopungua 10 (mimi huwa nafika 30), ndipo uyahamishie humo. Au tumia ya kopo, hayo yameshapikwa.

Nawe mwanafunzi, kuhusu kupika Jumapili na kula wiki nzima. Usiiache sufuria juu ya jiko mpaka asubuhi kwa sababu eti nje kuna baridi. Ndani mna hita. Igawe ikiwa bado na joto kwenye vyombo vifupi vipana, ipoe haraka, na ndani ya saa mbili iwe kwenye friji. Za Jumatatu na Jumanne zikae friji, nyingine zote friza, na huko inakaa hata miezi mitatu bila kuharibika. Viazi vikigandishwa huwa vya ungaunga, kwa hiyo vya bakuli za friza vipondeponde kabla. Ukipasha, ipashe mpaka ichemke, na bakuli moja ipashwe mara moja tu. Itakuwa imekuwa nzito kama uji, ongeza maji.

Neno kwa akina dada wanaoambiwa na daktari kuwa damu ni pungufu. Adesi zina madini ya chuma ya kutosha, lakini mwili hauyachukui kirahisi kama ya nyama. Vitamini C inasaidia sana, kwa hiyo lile limau na pilipili hoho mbichi juu yake si mapambo. Chai nayo inazuia. Kunywa baada ya saa moja, si pamoja na chakula. Najua ninayemwambia ni Mswahili. Na kama umeandikiwa vidonge, meza vidonge, supu haichukui nafasi yake.

———

Kutoka: mwanafunzi, Leipzig
Jumatano, saa 3 usiku

Asanteni sana wote, na bibi wa Muscat shikamoo.

Birika lina ukoko. Natron nimepata, senti chache tu, na nyekundu na kijani zimo kabatini. Lumi nimeambiwa niulize duka la Mwirani karibu na stesheni, nitapita Ijumaa.

Swali la mwisho: mzizi wa seleri. Fungu halikuwepo nikanunua mzima, una ukubwa wa kichwa cha mtoto, na supu inataka kipande tu. Uliobaki niufanyeje?

———

Kutoka: mama watatu, Rotterdam
Jumatano, saa 4 usiku

Usiumenye wote. Kata unachotaka, menya hicho tu kwa kisu si kwa kimenyeo, ganda lake ni nene na lina udongo kwenye mikunjo. Upande uliokatwa ufunge kwa nailoni, weka chini kwenye friji, wiki nzima uko salama. Ukichoka nao, chemsha pamoja na viazi nusu kwa nusu, ponda na siagi na chumvi. Ukiwa na samaki wa kukaanga hapo pembeni, umekula.