Antena ya zamani juu ya bomba la moshi, Limerick: tatizo ni nini?

Mpangaji_Limerick: Wakuu, habari za jioni. Nimehamia nyumba ya zamani nje kidogo ya Limerick, Ayalandi. Juu ya bomba la moshi kuna antena ya vijiti virefu, waya wake unashuka hadi sebuleni. Jamaa yangu aliyekuwa Birmingham kanipa king'amuzi chake cha zamani cha Freeview, ile TV ya dijitali ya bure ya Uingereza. Nikikichomeka kwenye antena hiyo, hakuna mawimbi kabisa. Nikaazima antena ya ndani kwa jirani, majina ya chaneli za hapa, RTÉ One na TG4, yakatokea, lakini kioo cheusi tii. Mwenye nyumba anasema antena "ilikuwa nzima mpaka 2012". Kwani 2012 kulitokea nini? Na kifurushi cha kulipia kila mwezi sitaki.

FundiWaPaa: Mkuu, mwenye nyumba hajakudanganya. Tarehe 24 Oktoba 2012, Jumatano asubuhi, Ayalandi yote ilizimiwa TV ya analojia, ile ya kabla ya dijitali. Mimi nilikuwa County Clare, jirani na Limerick, nikimbebea ngazi bosi wangu, na simu hazikukoma wiki nzima.

Una matatizo mawili, usiyachanganye. La kwanza ni antena. Sehemu nyingi RTÉ, shirika la utangazaji la taifa, kwa analojia ilikuja kwa VHF, yaani mawimbi marefu zaidi, ndiyo maana ya vijiti virefu hivyo. Saorview, yaani dijitali ya bure, inarushwa kwa UHF, mawimbi mafupi zaidi, na antena yake ina vijiti vifupi vya kama shubiri moja na nusu. La pili ni hicho king'amuzi. Waingereza walianza mapema na MPEG-2, njia ya zamani ya kubana picha. Huku walichelewa (mpango wa dijitali ya kulipia ulikwama, Saorview ikazinduliwa rasmi 2011) wakaingia moja kwa moja na MPEG-4, njia mpya zaidi. King'amuzi chako kinasoma jina la chaneli, picha hakijui kuifungua.

Kuna bibi mmoja kijijini aliuziwa kama hicho sokoni, akahakikishiwa kwamba "dijitali ni dijitali". Nilipofika amekaa mbele ya kioo cheusi na birika la chai, anamsubiri mtangazaji wa habari. Nikapanda, nikashusha antena ya VHF iliyojaa kutu na kiota cha ndege, nikafunga ya UHF. Chini nikaweka king'amuzi chenye nembo ya Saorview. Picha ikaja bila chenga hata moja. Bibi hakufurahi hata kidogo! Akasema chenga alizizoea tangu stesheni ya taifa ilipofunguliwa, usiku wa 31 Desemba 1961, theluji ikianguka Dublin na Rais de Valera akihutubia kwamba televisheni inamtia hofu, akaifananisha na nguvu za atomiki. "Sasa naona mikunjo ya kila mtu," akalalamika. Hela yangu alinipa, na keki juu.

Kwa hiyo: antena ya UHF, king'amuzi cha Saorview au TV yenye MPEG-4 ndani. Kabla hujafunga, tazama paa za majirani: vijiti vyao vimelala au vimesimama? Fuata hivyohivyo, maana antena lazima ilale au isimame kulingana na mawimbi ya mtambo wenu. Kifurushi hakuna, ila leseni ya TV, euro 160 kwa mwaka, iko palepale.

Binti_Kariakoo: Kumbe mlitutangulia miezi miwili tu! Dar ilizimwa usiku wa 31 Desemba 2012. Nakumbuka foleni ya ving'amuzi, na baba akigoma kununua mpaka akakosa taarifa ya habari siku tatu. Fundi, hilo neno Saorview lina maana gani?

FundiWaPaa: "Saor" kwa Kiayalandi ni huru, na pia ni rahisi wa bei. Bosi alikuwa akilitamka "siir" kwa lafudhi yake, mimi nikaandika hivyo kwenye risiti mwezi mzima.

Mpangaji_Limerick: Nashukuru sana mkuu. Nimechungulia nje: majirani watatu vijiti vimesimama, mmoja vimelala. Huyo mmoja nimfuate?

FundiWaPaa: Huyo mgongee mlango umuulize kama anaona kitu. Na usipande mwenyewe, hizo slate, vigae vya mawe vya paa, zikilowa zinateleza kama sabuni. Ile ndefu ikishashushwa usiitupe, bomba lake la alumini linafaa kuegemezea maharage bustanini.