Mafuta ghafi hugeukaje kuwa nailoni, na je, kuichoma ni suluhisho?

Mkazi wa Chamwino
Salaam, wanajukwaa. Kamati ya mazingira ya kijiji chetu imependekeza kwamba nailoni zote zinazookotwa siku ya usafi zichomwe katika shimo lililo nyuma ya shule, kwa hoja kwamba plastiki imetokana na mafuta, hivyo huwaka upesi na kuisha kabisa. Sikuridhika, lakini nilikosa maelezo ya kuwapa wenzangu. Naomba mwenye ujuzi anieleweshe namna mafuta yanayochimbwa ardhini yanavyokuwa mfuko, na kinachotokea mfuko huo unapochomwa. Aidha, ile mifuko mbadala tuliyoanza kuitumia baada ya katazo la mifuko ya plastiki la tarehe 1 Juni 2019, ambayo inafanana na kitambaa, je, haina uhusiano na mafuta?

Mwalimu wa Kemia, Dodoma Mjini
Ndugu yangu, wasiwasi wako una msingi. Mafuta ghafi ni mchanganyiko wa viambata vingi vya kaboni na hidrojeni. Kiwandani hupashwa moto na kutenganishwa ndani ya mnara mrefu, kila kundi likatoka kwa kiwango chake cha joto: gesi juu, kisha petroli, mafuta ya taa na dizeli, na chini kabisa lami. Kundi moja jepesi, liitwalo nafta, ndilo linalopelekwa kwenye viwanda vya plastiki. Nchi zenye gesi asilia nyingi, kama Marekani, hutumia zaidi ethani inayotolewa katika gesi hiyo. Nafta au ethani huchanganywa na mvuke na kupitishwa katika mabomba yenye joto la zaidi ya nyuzi 800 za Selsiasi, ambako molekuli zake hukatika na kutoa gesi ya ethilini. Kwa kichocheo, yaani kitu kinachoharakisha mabadiliko ya kikemia, au kwa mgandamizo mkubwa, maelfu ya molekuli za ethilini huunganishwa zikawa mnyororo mmoja, mfano wa shanga zilizotungwa katika uzi. Hiyo ndiyo polithini, plastiki ya mifuko ambayo mitaani tunaiita nailoni. Hutoka kiwandani ikiwa punje ndogo, tayari kuyeyushwa na kuwa mfuko, kiriba cha miche, au mpira wa matone unaomwagilia zabibu za Hombolo.

Tatizo linaanzia kwenye mnyororo huo huo. Vijidudu vya udongoni vinavyoozesha mabua ya mtama haviwezi kuukata kwa kasi yoyote ya maana. Jua letu kali huudhoofisha, mfuko ukakauka na kupukutika, lakini kila kipande kinabaki kuwa plastiki hata kikiwa kidogo kisichoonekana kwa macho.

Kuhusu kuchoma, hakuna kinachoisha. Kaboni iliyokuwa imefungiwa ardhini kwa mamilioni ya miaka hutoka ikiwa hewa ya ukaa, na kwa hesabu ya kemia kilo 1 ya polithini ikiungua kikamilifu hutoa takribani kilo 3 za hewa hiyo, kwa kuwa kila atomi ya kaboni hujiunga na oksijeni. Shimoni, hata hivyo, haiungui kikamilifu: hutoka pia masizi na gesi yenye sumu ya monoksidi ya kaboni, na endapo ndani yake kuna vipande vya mabomba ya PVC au maganda ya nyaya za umeme, klorini iliyomo huweza kuzalisha dayoksini, sumu zinazokaa muda mrefu katika mafuta ya wanyama na kuturudia kupitia nyama na maziwa. Kwamba shimo hilo liko nyuma ya shule kunanitia hofu kuliko jambo lolote uliloandika.

Mifuko mbadala mingi ni ya polipropilini, aina nyingine ya plastiki, nayo hutokana na mafuta na gesi. Faida yake ni kwamba hutumika mara nyingi na haipeperuki ovyo. Ikitumika mara moja ikatupwa, faida hiyo haipo.

Mfugaji, Bahi
Namshukuru mwalimu. Mimi naongeza la mifugo. Kiangazi malisho yakiisha, ng'ombe na mbuzi huzifuata nailoni zilizonasa kwenye miiba kwa ajili ya chumvi na mabaki ya chakula. Tumboni hazisagiki wala hazipiti, na mnyama hukonda huku tumbo limejaa. Aliyesimama machinjioni tumbo kubwa likipasuliwa amekwisha kuliona bonge hilo, nailoni zimesokotana na kamba na majani hadi kisu kinapata shida kulikata. Kwa hiyo shimo lenu, hata lisipochomwa, lisiachwe wazi.

Mkazi wa Chamwino
Ahsante sana, mwalimu, nawe mzee wangu. Je, tukizifukia? Shimo liko karibu na korongo.

Mnunuzi wa chupa, Majengo
Mvua za Desemba zikianza, korongo litazifukua na kuzishusha mashambani. Nashauri mtenganishe tangu siku ya usafi. Madumu, ndoo zilizopasuka na chupa za maji zina wanunuzi, mradi zisijae mchanga. Husagwa, huoshwa na kuyeyushwa kuwa punje tena. Nailoni laini za karanga na ubuyu wengi wetu hatuzichukui, kwa sababu ni nyepesi mno na zikishika tope gharama ya kuziosha huipita bei yake.

Mwalimu wa Kemia, Dodoma Mjini
Ni kweli. Hizo laini zikaushwe, zishindiliwe kwenye viroba na kuhifadhiwa chini ya paa hadi halmashauri itakapozipeleka kwenye dampo rasmi. Kamati nayo izungumze na wenye maduka kijijini, maana karanga zinaweza kufungwa kwa karatasi.