Potreti ya giza nyuma kama za Caravaggio, lakini sura ya mzee inazama. Nifanye nini?

rangi_na_riziki
Wadau habari za jioni. Mimi huchora potreti kutoka kwa picha za simu, niko hapa tao upande wa River Road, kazi nyingi ni za harusi na za matanga. Sasa kuna mama mmoja anataka picha ya marehemu mzee wake, na alikuja na picha fulani ya kale ya Italia kwa simu, nyuma giza tupu, mwanga unatoka upande mmoja tu, akasema anataka hivyo hivyo. Jirani yangu akaniambia huo ni mtindo wa Caravaggio, mchoraji wa kale wa Italia. Nikapaka nyeusi turubai nzima nikaanza kumchora mzee juu yake, lakini wapi. Mzee alikuwa mweusi tititi, ngozi na hiyo bakigraundi zinashikana, unabaki na macho na kola ya shati. Nikiongeza nyeupe usoni anapauka, mama akiona hiyo atalia na si kwa furaha. Hao wazee wa kizungu giza lao walilifanyaje? Na kuna hata mmoja wao aliwahi kuchora mtu mweusi akatoka poa, ama nitafute njia ingine? Natumia rangi za mafuta. Halafu huyo Caravaggio nasikia aliua mtu, ni ukweli ama umbea?

mwalimu_wa_brashi
Shida si Caravaggio, shida ni hiyo nyeusi ya kutoka kwa tyubu. Akiwa Roma yeye alianza na rangi ya udongo, kahawia iliyokolea yenye wekundu kidogo, anapaka turubai yote, ikikauka ndio anajenga mwanga juu, na sehemu nyingi za kivuli anaziacha tu, ile kahawia ya chini ndiyo inageuka kivuli. Ndio maana giza lake lina joto. Na hakuna mchoro wa karatasi uliobaki ambao wataalamu wamekubaliana ni wake. Yeye alikuwa anakwaruza mistari michache kwa rangi ya chini ikiwa mbichi, kichwa kinakaa hapa, bega hapa, kisha anapaka moja kwa moja akimwangalia mtu aliyeketi mbele yake.

Rembrandt naye, yule Mholanzi wa 1606 hadi 1669, vivuli vyake ni vyembamba, rangi imelegezwa kwa mafuta tabaka juu ya tabaka, lakini ukifika kwa paji la uso na pua rangi ni nene hadi inatokeza. Wewe bila shaka umefanya kinyume, nyeusi nene kisha uso mwembamba.

Lakini kwa ngozi ya huyo mzee mimi ningewaacha hao wawili kando kidogo. Tafuta picha ya Juan de Pareja, kazi ya Velázquez, mchoraji wa Uhispania, 1650, iko makumbusho ya Metropolitan kule New York. Pareja alikuwa mtumwa wake, akimsaidia kwa karakana, na mwaka huo huo wakiwa Roma Velázquez akaandika hati ya kumwachilia huru, ingawa kwa sharti atumike miaka 4 zaidi. Baadaye akawa mchoraji kivyake, kuna kazi yake kubwa ya 1661 iko makumbusho ya Prado, Madrid, ya Mathayo akiitwa na Yesu, na amejichora humo mwenyewe. Sasa vuta picha ya Velázquez karibu uangalie nyuma ya kichwa. Si nyeusi! Ni kijivu kinachoelekea kijani, na nywele zimekolea kuliko hiyo bakigraundi, kwa hivyo kichwa kinajikata chenyewe. Chini ya kidevu kuna kola nyeupe ya lesi inayofanya ngozi ionekane tajiri. Mng'ao wenyewe ni mdogo sana, kidogo kwa paji, kidogo kwa pua, na kati ya mng'ao na kivuli kuna kahawia nyekundu nyingi sana. Hapo katikati ndipo wewe unaparuka, unatoka kwa nyeusi unaingia kwa nyeupe mara moja.

Kwa hivyo kwangua hiyo nyeusi kama bado ni mbichi. Bakigraundi ifanye kahawia ya kijivu, nyuma ya upande wa uso uliopigwa na mwanga iwe na giza zaidi, nyuma ya upande wa kivuli iwe angavu kidogo ndio shavu lisipotee. Na mng'ao usiweke nyeupe tupu, tia bluu kidogo sana. Simama juani uangalie mkono wako mwenyewe, utaona ni anga inang'aa pale.

jamaa_wa_kuuliza_sana
Muuaji ni ukweli, si umbea. Tarehe 28 Mei 1606, Roma, alimuua jamaa anaitwa Ranuccio Tomassoni kwa vita vya panga, sababu watu wanabishana mpaka leo, wengine deni la mchezo wa tenisi, wengine mwanamke. Akahukumiwa kifo akatoroka, Naples, kisha Malta, na kule Malta mwaka 1608 wakampa heshima ya unaiti wa chama chao cha kidini, yaani naiti kabisa, na akawachorea Yohana Mbatizaji akikatwa kichwa, picha ina upana wa zaidi ya mita 5, na sahihi yake ameiweka kwa ile damu inayotoka shingoni. Muda si mrefu baadaye akapigana tena, wakamfunga, akatoroka tena, wakamfukuza. Akafa 1610 akiwa na miaka 38, akirudi Roma kutafuta msamaha.

Lakini yangu favoriti ni ya mama mwenye nyumba. 1605 alikuwa na deni la kodi ya miezi 6 na dari ameharibu, mama akachukua vitu vyake, naye Caravaggio akarudi usiku akarusha mawe madirishani. Kuna wanaodhani hiyo dari aliitoboa makusudi, mwanga uingie kutoka juu. Mwaka uliotangulia alikuwa amemrushia weita sahani usoni kwa sababu ya mboga, artichoke, alitaka kujua zipi zimepikwa kwa siagi na zipi kwa mafuta, akaambiwa anuse. Hayo yote yako kwa rekodi za polisi na mahakama, hakuna mtu ametunga.

binti_wa_umoja
Sawa lakini mbona kila mara tunachekelea vurugu za huyu jamaa kama ni utamu. Giza hilo hilo lilichorwa na Artemisia Gentileschi, mchoraji wa kike wa Italia aliyezaliwa 1593, baba yake Orazio alimjua Caravaggio. Alibakwa na mchoraji mwenzake baba, Agostino Tassi, na kwa kesi ya 1612 yeye ndiye aliyekazwa kamba vidoleni ili wahakikishe hasemi uongo, yaani vidole vya mchoraji!! 1616 akaingia akademia ya wachoraji ya Florence, mwanamke wa kwanza.

Weka pamoja picha zao mbili, ya Caravaggio na ya Artemisia, za ile hadithi ya Biblia ya Yudithi akimkata kichwa jemadari wa adui, Holofernes. Yudithi wa Caravaggio ameegemea nyuma, mikono imenyooka, uso umekunjwa, na yaya mzee anangoja tu na kitambaa. Ule wa Artemisia ulioko makumbusho ya Uffizi, Florence, mikono ya nguo imekunjwa hadi juu, yaya ni kijana na amemlalia jamaa kifuani kumshikilia, upanga unaingia kwa nguvu. Mtu ambaye ameshawahi kushika mbuzi siku ya sherehe anajua ni nani kati yao aliifikiria hiyo kazi vizuri.

Kuhusu swali lako: Rembrandt pia ana picha ya wanaume wawili Waafrika, 1661, iko makumbusho ya Mauritshuis kule The Hague, Uholanzi. Kulikuwa na Waafrika huru wakikaa mtaa wake Amsterdam, kwa hivyo hakubuni sura. Ni picha ya rangi chache sana, karibu kahawia tupu, na bado unawatofautisha.

rangi_na_riziki
Eeh, asanteni sana. Mwalimu nimemwangalia huyo Pareja kwa simu nikashtuka, nilidhani nyuma ni nyeusi kumbe macho ndiyo yananidanganya. Nimekwangua tayari. Swali moja, mama anaitaka wiki ijayo, na kukauka je?

mwalimu_wa_brashi
Wiki ijayo kwa mafuta utamtolea picha ya kunata. Chukua turubai mpya, bakigraundi na rangi za chini fanya na akriliki, zinakauka haraka, kisha uso maliza kwa mafuta juu yake. Usigeuze, akriliki juu ya mafuta inabanduka. Tabaka za mwanzo mafuta kidogo, za juu ndio uongeze. Na vanishi usipake saa hii, mwambie aichukue hivyo, airudishe baada ya miezi kadhaa.

Dipoziti ulichukua lakini?

rangi_na_riziki
Nusu.

jamaa_wa_kuuliza_sana
Afadhali. Vermeer, mchoraji mwingine Mholanzi, alikufa 1675 akaacha watoto 11 na deni, na picha mbili mjane wake akampa mwenye duka la mikate kwa sababu ya deni la mkate.