Naomba ushauri: farasi anagoma kupanda trela

Habari zenu wakuu. Mimi ni saisi, natunza farasi jike wa miaka 9 hapa Karen, Nairobi. Jumamosi tunampeleka Gilgil, zaidi ya kilomita 100, na kuna ule mteremko wa Bonde la Ufa. Akifika kwenye ubao wa kupandia anasimama, pua zimetanuka, miguu inatetemeka. Wiki iliyopita nilimfunga kamba kabla ya kufunga chuma cha nyuma ya trela, kile kinachomzuia asitoke. Akarudi kinyumenyume kwa nguvu, kamba ikanichuna kiganja. Tangu hapo namlishia nyasi kavu mle ndani, na sasa anaingiza miguu ya mbele tu. Naogopa sana asije akavunjika mguu.

Je, nitangulize farasi mwenzake aliyezoea? Na kwenye ule mteremko, dereva aendeshe vipi ili farasi asipoteze usawa?