Naomba ushauri: beringi ya nyuma ya Hilux, iingizwe kwa presi (mashine ya kukandamiza) au nyundo?
Habari wakuu. Hilux ya breki za ngoma, nyuma kushoto inavuma kuanzia spidi 60, na ukikata kona ya kulia mlio unazidi. Kwenye jeki tairi inacheza juu na chini. Oili ya difu (gia za ekseli ya nyuma) imelowesha shuu za breki, maana yake sili, ule mpira wa kuzuia oili isitoke, nayo imekwisha, na kwa miteremko ya Tukuyu hilo halisubiri.

Kutoa shafti ya tairi, ambayo beringi imekaa juu yake, si shida: paipu ya breki, kebo ya hendibreki, nati 4. Ila fundi anataka kugonga beringi mpya kwa nyundo, nami naogopa itaacha alama kwenye njia ya gololi ianze kuvuma tena. Kwa Mbeya presi ya uhakika ipo wapi, Mwanjelwa au Uyole? Halafu pale sili inapokaa, shafti ina mchirizi unaoshika ukucha. Sili mpya itazuia oili kweli, au nitafute shafti nyingine?